MIZANI YA NYAMA INA MUHURI, MIZANI YA DAMU JE?



Siku ya soko nenda Karatina ukanunue nyama robo kilo. Mwenye bucha ana mizani, na mizani ile ina muhuri wa Serikali. Kila mwaka afisa wa vipimo na mizani huja na mawe yake mwenyewe, huyaweka juu ya mizani ile, na kilo isipokuwa kilo, mwenye bucha ana neno la kujibu mbele ya hakimu. Sheria hiyo sisi tunaipenda. Tajiri hununua mbuzi mzima, haoni hasara ya mfupa mmoja. Anunuaye robo kilo ni kibarua, na ukimpunja umewapunja na watoto wake.

Angalieni neno moja hapo. Yule afisa haulizi tu, "Leseni yako iko wapi?" Huja na mawe. Huipima mizani yenyewe.

Sasa panda gari uje Nyeri, ushuke hapa kwetu Ruring'u. Au nenda Nanyuki, Embu, Chuka, Kerugoya, miji yote hii iliyouzunguka Mlima Kenya, ni mamoja. Utaona vibao: hapa tunapima damu, hapa mkojo na choo, hapa kuna eksrei, hapa mama mjamzito ataonyeshwa mtoto wake kwa mashine. Ndani mna meza, darubini, friji ndogo, na kijana aliyevaa koti jeupe. Ukutani mna leseni imetiwa ndani ya kioo. Unatoa fedha yako, unatoa damu yako, unapewa kijikaratasi. Je, ni nani aliyekuja na mawe kuipima mizani ile? Twauliza kwa sababu jambo hili limekwisha kutuuma.

Mwenzetu mmoja ni dereva wa gari moshi. Jina lake hatulitaji, maana ugonjwa wa mtu si habari ya gazeti. Dereva wa gari moshi hupimwa afya yake, macho, masikio, presha na damu, nasi hatukatai, kwa kuwa nyuma yake kuna mabehewa na watu. Basi alikwenda kupimwa katika nyumba moja ya kupimia, ya mtu binafsi, wala si lazima mjue ni mji gani. Akapewa karatasi: sukari iko juu sana. Mkubwa wake wa kazi akafanya kama kanuni zisemavyo, akamtoa kwenye injini, akampa kazi ya uwanjani. Hatumlaumu. Nani atamwacha mtu apande injini na karatasi kama ile mkononi? Lakini fedha za safari zikakatika, na mwenzetu akaanza kunywa dawa za sukari alizopewa, akawa anatetemeka na kutoka jasho hata akaanguka nyumbani mbele ya watoto.

Mkewe ndiye aliyekuwa na akili. Alisema, "Baba, nenda ukapimwe kwingine." Akauza mbuzi, akapimwa mahali pawili pengine, mara tatu, asubuhi kabla ya kula. Hana sukari. Alipofanya kosa ni kumeza dawa ya ugonjwa asio nao.

Tulikwenda naye watatu katika ile nyumba ya kwanza. Hatukwenda kwa fujo, tulikwenda kuuliza. Tulimkuta msichana aliyempima, na tajiri wake hayupo. Alituangalia kwa muda, kisha akatoa kopo la vile vijikaratasi vinavyotiwa damu ya sukari, akatuonyesha tarehe. Vilikuwa vimekwisha muda miezi mitano. Akasema alimwambia tajiri, na tajiri akajibu, "Maliza kwanza vilivyomo, unadhani vinaokotwa?" Akasema ameajiriwa bila barua, na mshahara wa miezi miwili anaudai. Akatuomba tusimtaje. Na juu ya kichwa chake, ndugu zangu, leseni ilikuwa ukutani, halali, ya mwaka ule ule, na kioo chake kimepanguswa vizuri.

Kwa hiyo msituambie dawa ya mambo haya ni leseni. Leseni tuliiona.

Sheria ipo. Tangu mwaka 1999 Kenya ina sheria ya mafundi wa maabara, na kwa sheria hiyo kuna Bodi inayowaandikisha mafundi na kuzipa maabara ruhusa ya kufanya kazi. Eksrei ni chini ya mamlaka nyingine, ile ya mambo ya nyuklia, iliyowekwa kwa sheria ya mwaka 2019. Hospitali na zahanati hupewa leseni na Baraza la madaktari. Dawa ni Bodi ya dawa na sumu. Kaunti nayo, ambayo Katiba ya 2010 iliipa kazi ya kutunza hospitali za wilayani, hutoza leseni ya biashara kama itozavyo duka la viatu. Watu wote hawa wana vitabu vya risiti. Mwenye nyumba ya kupimia akiwa mwungwana atalia kwamba analipa huku na huku, na kilio chake ni cha kweli. Akiwa mwovu atacheka, kwa kuwa akiisha kulipa wote, hakuna atakayemwuliza habari ya kopo.

Hatusemi wakaguzi hawafanyi kazi. Mwaka 2025 Wizara ya Afya, chini ya Waziri Aden Duale, ilitangaza kwamba Baraza la madaktari limefunga vituo vya afya zaidi ya 700 katika nchi nzima na kuvishusha daraja vingine karibu 300. Watu wengi walipiga makofi. Sisi tulipiga makofi kidogo, kisha tukaacha tukafikiri. Vituo hivyo havikuota kama uyoga usiku wa kuamkia tangazo. Jana yake vilikuwa wazi, watu wanaingia na kutoka. Wale waliotibiwa humo juzi na mwaka juzi, ni nani aliyewatafuta na kuwaambia, "Rudini mpimwe tena"? Behewa likionekana lina ekseli mbovu, sisi hatulitoi tu njiani tukaenda kulala. Tunauliza limepita wapi, limebeba nini, na nani aliliandika kuwa zima.

Tuingie ndani kidogo katika jambo la taifodi, kwa maana katika nyumba zetu hakuna ugonjwa unaotajwa kama huo. Mtoto ana homa, taifodi. Mama anaumwa kichwa, taifodi. Mzee hana hamu ya chakula, taifodi na brusela pamoja. Wengi wetu tumechomwa sindano za siku tano au saba, mwaka huu na mwaka jana, na hakuna aliyetuuliza kwa nini ugonjwa mmoja hauishi. Kipimo kinachotumiwa ni kile cha Widal, kilichobuniwa Ufaransa mwaka 1896. Tone la damu juu ya kigae cheupe, tone la dawa, kutikisa, dakika chache, jibu. Ni rahisi, na bei yake maskini huiweza. Lakini kipimo hicho hakimtafuti mdudu mwenyewe. Hutafuta askari ambao mwili umewafanya kupigana na mdudu, na askari hao waweza kuwa wamebaki tangu vita vya zamani, au wametokana na chanjo, au ni wa vita vya mdudu mwingine anayefanana. Kumtafuta mdudu mwenyewe ni kuichukua damu na kuiotesha, na hiyo ni kazi ya siku kadhaa na maabara yenye vyombo. Mafundi wa maabara wanalijua jambo hili tangu shuleni kwao. Tulipomwuliza mmoja, ndugu wa mwenzetu, alicheka akasema, "Mkinipa siku tatu mtakwenda kwa jirani anayewapa jibu kwa dakika kumi."

Hapo alitupiga, na haki yake. Sisi nasi tuna kosa. Tunataka jibu kabla matatu haijajaa. Tunaona aibu kurudi nyumbani na neno "hatukuona kitu", kama kwamba fedha imepotea. Mwenye biashara ameijua tabia hiyo, akaigeuza shamba.

Na shamba hilo lina wavunaji wawili. Kuna mwenye kliniki anayemtuma mgonjwa katika nyumba ya kupimia fulani, si nyingine, na jioni hupokea sehemu yake. Ukienda na mafua utaandikiwa vipimo sita. Nyumba ya kupimia nayo, ili itumiwe wagonjwa kesho, haitaki kujibu "hakuna ugonjwa" mara nyingi, maana kliniki haiuzi dawa kwa mtu asiye na ugonjwa. Mambo haya hayaandikwi mahali po pote, lakini muulize mfanyakazi ye yote wa ndani, akuambie nje ya lango. Haifai aliyeandika kipimo kula fedha ya kipimo. Sheria ikataze jambo hilo kwa maneno yanayoeleweka, na afungwe mtoaji na mpokeaji.

Wako watakaosema, "Nyie mna bima, kwa nini mwende vichochoroni?" Naam, tangu Oktoba 1, 2024, tunakatwa asilimia 2.75 ya mshahara wote kwa ajili ya SHA. Mtu wa shilingi 30,000 hukatwa 825 kila mwezi, hata mwezi asioumwa na jino. Hatukatai kukatwa, chama cha wafanyakazi ndicho kilichowafundisha watu kuchangiana. Lakini mara ngapi mmefika katika hospitali ya umma, hatutaji ipi, mkaambiwa dirishani, "Mashine ipo, dawa ya mashine hakuna, nendeni mkapime nje"? Nje ndiko huko kwenye kopo. Mnakumbuka mwaka 2015 Serikali ilikodi mitambo mikubwa kwa ajili ya hospitali mbili za kila kaunti, eksrei na mingineyo, kwa mabilioni ya shilingi. Mwaka 2020 Seneti ilipochunguza, ilionekana kuna mahali mitambo ilikaa bila kazi, mahali hakuna umeme wa kutosha, mahali hakuna mtu wa kuiendesha. Injini bila dereva na bila mafuta, sisi wa reli tunalijua jina lake. Ni chuma.

Basi msidhani tunataka Serikali ifunge nyumba zote za watu binafsi. Zikifungwa kesho, mama wa Kiganjo atapimwa wapi? Wako wenye maabara waungwana, wanaotupa kilichokwisha muda ingawa ni hasara, na hao ndio wanaoumizwa zaidi na wale wa kopo, maana mwenye kutumia kilichooza hupunguza bei.

Wala hatutaki mwanasiasa awe ndiye mwenye mawe. Mtakumbuka mwaka 2020, wakati wa Korona. Mwezi wa Mei Rais Magufuli wa Tanzania alisimama akasema sampuli za papai na mbuzi zilipelekwa maabara kwa siri zikarudi zina ugonjwa, na mkuu wa maabara ya taifa akasimamishwa kazi. Mwezi ule ule pale Namanga, madereva wa malori wa Tanzania walipimwa upande wa Kenya wakaambiwa wanao ugonjwa, na Mkoa wa Arusha ukasema umewapima tena na hawana. Kila upande ukashika karatasi yake. Na wakati wakubwa wanabishana, ni nani aliyelala chini ya lori siku baada ya siku, bila choo na bila chakula cha moto? Ni dereva. Kumpelekea mpimaji sampuli ya mtego si kosa, hata sisi twaitaka. Kosa ni mtego kutegwa na mtu mwenye shabaha yake, na jibu kutangazwa jukwaani badala ya kuwekwa mezani kwa mafundi wengine wakaliona.

Marekani walifanyaje? Kwao nako watu waliumia kwanza. Mwaka 1988 walitunga sheria kwamba maabara inayompima binadamu ipelekewe mara kwa mara sampuli ambayo jibu lake limefichwa, ipime, ipeleke jibu, na ikikosea mara kwa mara izuiwe kufanya kipimo hicho. Hayo ndiyo mawe ya afisa wa mizani. Hapa Kenya pia maabara zenye cheti cha KENAS cha kanuni za kimataifa hushindanishwa hivyo. Basi kwa nini iwe ni heshima ya maabara kubwa za matajiri tu, isiwe ni sharti la kile chumba kimoja ambamo kibarua hupimwa?

Lakini hata mawe hayatoshi, na hapa ndipo chama kinapoingia. Katika Marekani hiyo hiyo kulikuwa na kampuni iliyoitwa Theranos. Ilidai tone la ncha ya kidole latosha kupima magonjwa mengi, na wenye fedha wakaithamini dola bilioni 9. Mwaka 2016 ilibidi ifute matokeo ya miaka miwili yaliyotoka katika mashine zake, na mwenye kampuni, Elizabeth Holmes, alihukumiwa Novemba 2022 kifungo cha zaidi ya miaka 11. Mmoja wa waliofichua ni Erika Cheung, msichana aliyetoka chuoni juzi tu, mfanyakazi wa maabara ile. Aliona majibu hayapatani, akasema kwa wakubwa, hakusikilizwa, akaacha kazi, na mwaka 2015 akawaandikia barua wakaguzi wa Serikali. Kampuni ilikuwa na mawakili na wazee mashuhuri katika halmashauri yake. Yeye alikuwa na kalamu.

Sasa mrudishe mawazo kwa yule msichana wetu wa kopo. Yeye aliyaona. Alisema. Lakini angemwandikia nani, na kesho yake angekula nini?

Katika reli kuna mkaguzi wa mabehewa. Hutembea kando ya gari na nyundo yake, hugonga gurudumu, husikiliza. Gurudumu zima hulia kama kengele, lenye ufa hulia kama sufuria. Akisema, "Behewa hili haliendi," haliendi, hata kama abiria wamekaa na Bwana Mkubwa anatazama saa yake. Hakuna awezaye kumwambia, "Ligonge tena mpaka lilie vizuri." Uwezo huo hakupewa kwa sababu ni mtu mkubwa, mshahara wake mnaujua. Alipewa kwa sababu watu walikwisha kufa mahali ambapo mgonga nyundo alinyamazishwa. Fundi wa maabara ni mgonga nyundo. Apewe uwezo ule ule kwa sheria: akikataa kutumia kilichokwisha muda, akikataa kuandika jibu la kipimo asichokifanya, asifukuzwe, na akifukuzwa arudishwe na alipwe. Na nyumba ye yote isiyowapa mafundi wake barua ya kazi isipewe leseni kabisa. Mtu asiye na barua hana mdomo.

Kwa mafundi wa eksrei tunaongeza jambo moja, wengine watatusamehe. Kila mmoja adai ile beji ya kupimia mionzi inayovaliwa kifuani, na adai kusomewa hesabu yake. Mionzi haina harufu.

Chama chao wanacho, KNUMLO, nasi tumeona jinsi wenzao wa afya walioajiriwa kwa mkataba mwaka 2020 katika mpango wa UHC walivyokaa nje ya Afya House mwaka 2025 wakidai kazi ya kudumu. Siku ile baadhi yetu tulisema ni mambo ya watu wa hospitali, hayatuhusu watu wa reli. Tulikosa. Mkono uliotaka barua ya kazi pale barabarani ndio mkono unaoandika kama wewe utapanda injini au utafagia uwanja.

Tunayoyataka kwa Serikali ya Nairobi na ya Kaunti basi ni haya. Mkaguzi akija, aje na damu ya mtego, na afungue friji na makopo kabla hajatazama ukuta. Jibu la ukaguzi libandikwe mlangoni, kwa Kiswahili, kwa herufi za kusomeka na mama aliyeishia darasa la nne. Mwenye kosa alazimishwe kuwatafuta waliopimwa naye, mmoja mmoja. Risiti zile tano ziwe moja. Na katika hospitali za umma dawa za kupimia zisikauke, kwa sababu mlango wa umma ukifungwa, ule wa kopo hufunguka. Tajiri wa kazi naye, akitaka kumshusha mtu cheo kwa ajili ya karatasi ya damu, asimshushe kwa karatasi moja. Apimwe mahali pawili, na gharama ya pili ni ya tajiri. Hilo la mwisho halingoji Bunge, tutalitia katika mapatano yetu yajayo.

Mwenzetu dereva amerudi kwenye injini. Fedha za safari alizozikosa hajalipwa na mtu, wala mbuzi hakurudi. Yule msichana hayuko tena pale, na kopo hatujui limekwenda wapi.

Mkutano wa tawi ni Jumapili ya kwanza baada ya mshahara, saa nane, hapa Ruring'u. Kila mmoja alete karatasi za vipimo alizo nazo nyumbani, zake, za mke na za watoto, hasa pale ambapo nyumba mbili zimetoa majibu mawili. Kateni jina la mgonjwa, acheni tarehe na kipimo. Katibu ataziandika katika daftari, na daftari hilo ndilo tutakaloingia nalo kwa afisa wa afya wa kaunti. Wenye wake wanaojua kuandika vizuri waje nao, maana kazi ya kunakili itakuwa nyingi.